Achaguliwa Mara Tatu kwa Kiti Kimoja

Mwaka 1965 watu wa mtaa mmoja wa Atlanta, katika jimbo la Georgia, Marekani, walimchagua Bwana Julian Bond, kijana Mmarekani Mweusi, awe mjumbe wao katika Baraza la jimbo. Lakini tarehe 10 Januari 1966 Baraza lilikataa kumwapisha, kwa kura 184 dhidi ya 12, kwa kuwa aliunga mkono tamko la kupinga vita vya Vietnam.

Kiti kikawa kitupu, ukaitishwa uchaguzi mdogo mwezi wa Februari. Wapiga kura, ambao Baraza halikuwauliza neno, wakamrudisha yeye yule! Akakataliwa tena, Novemba wakamchagua mara ya tatu. Tarehe 5 Desemba Mahakama ya Juu ya Marekani iliamua kwa kauli moja kwamba uhuru wake wa kusema ulivunjwa. Januari 1967 akala kiapo, akakikalia kiti chake.