Walter Rodney na historia ya Mapinduzi ya Urusi

Walter Rodney (23 Machi 1942 – 13 Juni 1980) alikuwa mwanahistoria kutoka Guyana aliyefundisha Dar es Salaam miaka ya 1966-1967 na tena 1969-1974. Anajulikana zaidi kwa kitabu How Europe Underdeveloped Africa (1972). Kazi yake juu ya mapinduzi ya Ulaya haijulikani sana, hata miongoni mwa walimu wa historia, ingawa ilianzia nchini Tanzania.

Ilianza kama mihadhara kwa wanafunzi wa Chuo Kikuu cha Dar es Salaam kuhusu Mapinduzi ya Urusi ya 1917. Rodney hakuitoa kuwa kitabu. Maandishi hayo yalihaririwa na Robin D. G. Kelley na Jesse Benjamin, yakachapishwa mwaka 2018 kwa jina The Russian Revolution: A View from the Third World, miaka 38 baada ya kifo chake.

Kitabu hakisimulii matukio tu, bali kinauliza ni nani aliyeyaandika na kwa faida ya nani. Rodney analinganisha wanahistoria wa Magharibi na wale wa Kisovyeti, akionyesha kwamba kila upande una msimamo wake. Trotsky amepewa sura yake, kwa kuwa alishiriki mapinduzi kisha akayaandikia historia. Sura nyingine inahusu mabishano ya Lenin, Kautsky na Rosa Luxemburg kuhusu demokrasia; kitabu kinaishia kwenye ukosoaji wa utawala wa Stalin.

Kwa wanafunzi wake hayo hayakuwa mambo ya mbali. Urusi ya 1917, kama Tanzania ya Azimio la Arusha (1967), ilikuwa nchi ya wakulima, ilhali Marx alitazamia zaidi nchi za viwanda. Mihadhara ilitangulia Operesheni Vijiji ya 1973-1976. Mzee wa Karagwe au Kyerwa anayekumbuka miaka hiyo ya kuhamishwa atasoma habari za mashamba ya pamoja ya Urusi kwa jicho tofauti na la msomaji wa London.

Rodney hakuelewana na serikali nyakati zote. Desemba 1969 gazeti la TANU, The Nationalist, lilimkaripia kwa hotuba aliyoitoa kwenye semina ya vijana, naye akajibu kwa barua. Aliendelea kufundisha hadi aliporudi Guyana mwaka 1974, ambako aliuawa kwa bomu mjini Georgetown.