Nahodha wa Dakika Chache

Mama msomaji, kama umewahi kusimama bandarini Kigoma, bila shaka unalijua jina la Liemba. Meli hiyo ilijengwa Ujerumani mwaka 1913, ikaletwa vipande vipande ndani ya makasha, ikaunganishwa Kigoma na kushushwa ziwani mwaka 1915 kwa jina la Graf von Goetzen. Mwaka uliofuata Wajerumani waliizamisha wenyewe ili isitekwe. Iliibuliwa, na mwaka 1927 ikaanza kazi tena, sasa ikiitwa Liemba.

Vita hivyo vya Ziwa Tanganyika vilikuja kuzaa riwaya, na mwaka 1951 ikatoka sinema, The African Queen. Wengi hukumbuka nyota wake wawili, Humphrey Bogart na Katharine Hepburn, aliyeigiza dada wa mmisionari. Ni wachache wanaomkumbuka nahodha wa meli ya Kijerumani. Amewakamata wawili hao na kuwahukumu kifo. Vitanzi vikiwa tayari, wanamwomba awafungishe ndoa kwanza. Anaifungisha haraka haraka, kisha anaamuru wanyongwe! Mtazamaji hucheka huku roho ikimdunda, mpaka meli inapolipuka na maharusi wakaokoka.

Nahodha huyo aliigizwa na Peter Bull, aliyezaliwa London mwaka 1912. Bahari aliijua kweli, maana katika Vita Kuu ya Pili aliongoza vyombo vya kushushia vifaru ufukoni, akapata nishani. Alikuwa mnene, mwenye uso wa mviringo, na sehemu za shujaa hakupewa. Alikuwa mwalimu mkali katika Tom Jones (1963), balozi wa Urusi katika Dr. Strangelove (1964), na jenerali katika Doctor Dolittle (1967). Watu waliijua sura yake, jina hawakulijua. Hata hivyo kila sehemu, hata ya dakika mbili, aliifanya kwa moyo wote.

Lakini ndugu yangu, kuna jambo jingine linalotuhusu sisi akina mama. Peter alipokuwa kijana wa shule, alirudi likizo akakuta mama yake amemgawa dubu wake wa kuchezea. Huenda mama aliona mwanawe amekua, na kidubu kile ni takataka tu. Peter hakusahau. Alipokuwa mtu mzima alikusanya dubu wengi, akazungumza habari zao redioni na kwenye televisheni, na mwaka 1969 akaandika kitabu. Watu wazima walimwandikia barua nyingi wakieleza juu ya wanasesere wao wa utotoni. Mama mmoja wa Marekani alimpelekea dubu aliyekaa miaka mingi kwenye rafu ya duka. Mwaka 1981 dubu huyo alionekana katika mchezo mashuhuri wa televisheni, Brideshead Revisited, akiwa na sehemu kubwa kuliko nyingi za bwana wake!

Peter Bull alifariki mwaka 1984, akiwa na umri wa miaka 72.

Basi mama, leo unapofagia nyumba na kukuta mtumbwi mdogo ambao mwanao ameuchonga kwa kipande cha mchikichi, usiutie jikoni kuwa kuni. Muulize kwanza. Kwako ni kijiti. Kwake huenda ndiyo Liemba yenyewe.