MCHUNGA: GUGU LA SHAMBANI AU MBOGA YA BURE?



Mvua ikishika, palizi haingoji. Tulipotembelea kikundi kimoja cha akina mama hapa Siakago tuliwakuta katika shamba la ndengu. Kando yao kulikuwa na rundo kubwa la mchunga uliong'olewa, unanyauka juani. Saa ya chakula ilipokaribia, mama mmoja alilalamika kwamba watoto watakula ugali mkavu, kwani pesa ya sukuma wiki hakuna. Shosho mmoja akacheka, akalionyesha lile rundo: "Na hiyo je?"

Basi hebu tuutazame mmea huu vizuri.

Mchunga ni mmea gani?

Wataalamu wa mimea huuita Launaea cornuta. Wagiriama wa Kilifi husema mutsunga, na huku upande wa Mlima Kenya utasikia muthunga. Ni wa ukoo wa alizeti, na jamaa yake wa karibu ni saladi inayouzwa mjini.

Majani mengi hukaa chini, yamezunguka shina, na mara nyingi yamekatika pembeni kama meno ya msumeno. Hauna miiba. Shina lina uwazi ndani na laweza kupita kimo cha mita moja. Maua ni madogo, ya manjano. Yakikauka, mbegu hutoka na nywele nyeupe na kupeperushwa na upepo. Ukivunja jani, utomvu mweupe kama maziwa hutoka.

Kwa nini haumaliziki shambani? Siri iko chini ya udongo. Mizizi yake hutambaa, na kila kipande unachokata kwa jembe chaweza kuchipua mmea mpya. Ukiulima ovyo, unaupanda! Chimbua vipande, vikusanye, vianike juani mpaka vikauke kabisa.

Unatumika vipi?

Kwanza ni mboga. Mchunga huchipua mapema mvua inapoanza, wakati kunde bado ni changa na jikoni hakuna kitu. Chuma majani machanga kabla mmea haujatoa maua. Ni machungu, kwa hivyo wapishi wengi huyachemsha, humwaga maji ya kwanza, kisha huyapika pamoja na majani ya kunde au mchicha. Watu wa Pwani hutia tui la nazi, na kule mboga hii huuzwa sokoni kwa mafungu. Wao wanaiuza, sisi tunaitupa!

Pili ni chakula cha sungura, na wao hawalalamikii uchungu.

Tatu, wazee wameutumia kama dawa ya tumbo, minyoo na homa. Watafiti wa Kenya nao wameupima katika maabara. Lakini kupima katika maabara si sawa na kuthibitisha dawa kwa mgonjwa. Mtoto akiwa na homa, mpeleke zahanati apimwe malaria siku hiyo hiyo. Mboga ya mchunga haiwezi kuchukua nafasi ya matibabu.

Jihadhari na mbaruti

Hapa tunaomba msikie vizuri. Kuna mmea mwingine wenye maua ya manjano unaoota mashambani na kando ya barabara: mbaruti. Asili yake ni Mexico, na ni wa ukoo wa afyuni. Huo ni sumu, hasa mbegu zake.

Utautambuaje? Majani yake yana miiba na mistari myeupe. Ua ni kubwa kuliko la mchunga. Ukiuvunja, utomvu wake ni wa manjano. Mbegu ni ndogo, nyeusi, za mviringo, na zinaweza kuchanganyika na mtama au mawele wakati wa kupura. Mwaka 1998 mjini Delhi, India, mafuta ya kupikia yalichanganyika na mafuta ya mbegu hizi. Watu walivimba miguu, wakashindwa kupumua, na zaidi ya 60 walikufa. Kwa hivyo ng'oa mbaruti kabla haujatoa mbegu, na pepeta nafaka yako kwa makini.

Wala usidhani kila mmea wenye maziwa meupe ni mchunga. Mingine yenye utomvu kama huo ni sumu kali. Usichume mmea kwa kusoma gazeti hili tu. Nenda na mtu anayeujua. Tena usichume kando ya muguka iliyopigwa dawa au mahali palipopulizwa dawa ya magugu.

Ujuzi usipotee

Mwaka 1988 Riley na Brokensha walichapisha kitabu kuhusu mimea ya Wambeere na matumizi yake. Walichoandika walikipata kwa wazee wetu. Je, watoto wetu watalazimika kuusoma ujuzi wa shosho zao katika vitabu vya wageni?

Tunashauri kila kikundi kiache kipande kidogo cha mchunga mpakani, mbali na mimea mingine, na kumwalika shosho mmoja awafundishe vijana kuuchuma na kuupika.

Maswali ya kujadili katika kikundi

1. Ni mboga gani za porini tulizokula utotoni ambazo watoto wetu hawazijui?
2. Nani kati yetu anaweza kuutofautisha mchunga na mbaruti shambani?
3. Ni nani atatufundisha, na siku gani?