Kizimbani: Habari za Shamba Kongwe la Mikarafuu

Msafiri atokaye Mji Mkongwe wa Zanzibar kwenda kaskazini hupita Mtoni, ambako magofu ya jumba la Seyyid Said yangali yakitazama bahari. Kisha barabara huiacha pwani na kupanda vilima, kupitia Kidichi, hadi Kizimbani. Hapo, katikati ya mimea ya viungo, pana jengo dogo la mawe na chokaa lenye kuba juu yake. Ni hamamu. Hamamu ya Kidichi, iliyojengwa mwaka 1850 kwa ajili ya Binti Irich Mirza, mjukuu wa Shah wa Uajemi, imepambwa ndani kwa nakshi za maua na ndege. Ya Kizimbani haina pambo lolote. Ilikuwa hamamu ya shamba, ya kuogea mwenye mali alipokuja kutazama karafuu zake, na kwa maoni yangu inatufundisha mengi zaidi kuliko ile iliyopambwa.

Shamba hili ni mama wa kilimo cha karafuu katika Afrika ya Mashariki, pamoja na shamba la Mtoni. Lakini mkarafuu si mti wa kwetu. Asili yake ni visiwa vya Maluku, katika nchi ya Indonesia ya leo. Waholanzi walipoviteka visiwa hivyo katika karne ya 17 waliukusanya ukulima wake mahali pachache, hasa Ambon, na kuikata mikarafuu ya visiwa vingine ili bei isishuke. Katika kuulinda ukiritimba huo walisaidiwa na maumbile ya mti wenyewe. Mbegu nyingi tunazozifahamu, kama za mahindi na maharage, huweza kukauka, zikawekwa mwaka mzima, nazo zikaota. Mbegu ya mkarafuu haivumilii kukauka. Ikikosa unyevu kwa siku chache kiinitete chake hufa, na karafuu kavu ya dukani haiwezi kuota kamwe, maana si mbegu bali ni tumba la ua lililochumwa kabla ya kuchanua. Mwizi wa karafuu, basi, hakuweza kuitia mbegu mfukoni akaondoka nayo. Ilimlazimu kusafiri na miche hai au mbegu mbichi, na kuitunza baharini.

Mfaransa Pierre Poivre alifanikiwa katika jambo hilo. Karibu na mwaka 1770 watu aliowatuma walifikisha miche katika kisiwa cha Mauritius, nayo baadaye ikapelekwa Réunion. Kutoka katika visiwa hivyo vya Wafaransa, katika miaka ya 1810, karafuu zililetwa Unguja na Mwarabu wa Omani aliyeitwa Saleh bin Haramil al-Abry. Alizipanda Mtoni na Kizimbani.

Hakuzifaidi kwa muda mrefu. Seyyid Said bin Sultan alifika Unguja mara ya kwanza mwaka 1828, na haukupita muda mashamba ya Saleh yalitwaliwa. Sababu iliyotajwa ni kwamba Saleh alivunja mkataba wa mwaka 1822 uliokataza kuwauzia watumwa mataifa ya Kikristo. Huenda ilikuwa hivyo. Lakini mtu aliyemiliki mali ya namna ile, akawa na wafuasi wake mwenyewe, asingeachwa kwa amani na mtawala mgeni. Seyyid Said akaamuru kila mwenye shamba apande mikarafuu mitatu kwa kila mnazi mmoja. Daktari Mmarekani W. S. W. Ruschenberger, aliyezuru Unguja mwaka 1835, aliona mikarafuu ya Kizimbani ikiwa na kimo cha futi 5 hadi 20. Mwanafunzi na azingatie tofauti hiyo: miti haikuwa ya rika moja, bali upandaji ulikuwa ukiendelea mwaka baada ya mwaka. Binti yake Seyyid Said, Salme, aliyezaliwa Mtoni mwaka 1844, aliandika baadaye kwamba baba yake alikuwa na mashamba 45 kisiwani.

Kazi ya shamba iliongozwa na ua. Tumba huanza na rangi ya kijani, likaelekea manjano, kisha likashika wekundu. Hapo ndipo lichumwe, kwa sababu likichanua thamani yake hupotea. Matumba ya mti mmoja hayaivi kwa pamoja, hivyo mchumaji hurudia mti ule ule mara kadhaa katika msimu mmoja, akipanda hadi matawi ya juu. Vishada huteremshwa, karafuu huchambuliwa na makonyo kutengwa, kisha huanikwa juani kwa siku nne au tano, zikianuliwa kila mvua inapotisha. Kilo tatu za karafuu mbichi hutoa takribani kilo moja kavu. Kinachobaki ndani ni mafuta, ambayo sehemu yake kubwa ni yujeno, kemikali inayotia ganzi. Ndiyo maana wazee huweka karafuu kwenye jino linalouma.

Zao la namna hiyo linataka mikono mingi kwa wakati mmoja, na mikono hiyo ilikuwa ya watumwa. Walitekwa bara, wengi katika nchi za kuzunguka Ziwa Nyasa, wakavushwa bahari. Waliupanda mti, waliupalilia miaka sita hadi minane kabla haujatoa karafuu, na waliuchuma. Majina yao hayakuandikwa mahali, wakati jina la aliyeuleta mti tunalo pamoja na la kabila lake. Katika miaka ya 1840 karafuu zilikuwa nyingi mno, bei ikaanguka vibaya, lakini mti uliokwisha kupandwa haukung'olewa.

Tarehe 15 Aprili 1872 kimbunga kiliipiga Unguja. Ni ajabu, kwa kuwa Unguja iko nyuzi 6 tu kusini ya Ikweta, na kimbunga huhitaji nguvu ya mzunguko wa dunia ambayo karibu na Ikweta ni hafifu sana. Ajabu hiyo haina maana ya kutowezekana: mwezi Mei 2024 kimbunga Hidaya kilifika kisiwa cha Mafia. Mkarafuu una matawi yanayovunjika upesi, na ile dhoruba ya 1872 iliangamiza takribani theluthi mbili ya mikarafuu ya Unguja. Pemba haikudhurika sana, na tangu hapo ndiyo iliyoongoza kwa karafuu. Mwaka uliofuata Seyyid Barghash alilazimishwa na Waingereza kutia saini mkataba wa kukomesha biashara ya watumwa baharini. Mwenye shamba aliyetaka kupanda upya alikuta miti imelala chini na wafanyakazi wapya hawapatikani kwa njia ya zamani. Mwaka 1897 hadhi ya kisheria ya utumwa ilifutwa Unguja na Pemba. Waliokuwa watumwa wengi wakabaki mashambani kama maskwota, wakilima muhogo chini ya mikarafuu ya wengine.

Hali hiyo ilidumu hadi Mapinduzi ya Januari 1964. Ardhi ikawa mali ya Serikali, na mwaka 1965, huko Dole, jirani na Kizimbani, wananchi wakaanza kugawiwa eka tatu tatu.

Kizimbani yenyewe ikawa mahali pa utafiti na mafunzo ya kilimo, na kazi hiyo inaendelea hata leo. Adui mmojawapo wa mkarafuu ni kifo cha ghafla: mti mzima wenye afya hugeuka majani manjano, ukayapukutisha, ukafa kwa muda mfupi. Katika miaka ya 1950 watafiti Nutman na Roberts walimshuku kuvu aitwaye Valsa eugeniae. Walieleza pia ugonjwa mwingine, unaokausha matawi, ambao kuvu wake huingia penye jeraha. Na majeraha mengi husababishwa na mchumaji anayevunja tawi ili afikie kishada. Mikarafuu yetu inatokana na miche michache mno iliyovuka bahari, kwa hiyo udugu wake ni wa karibu, na kinachouua mti mmoja kina nafasi ya kuuua na wa pili. Miche mipya huoteshwa vitaluni chini ya kivuli, kwa mbegu zilizotolewa katika tunda lililoiva na kupandwa zikiwa bado mbichi.