Kumbukumbu ya Mababu Haijibebi

WAHENGA walinena kuwa mwacha mila ni mtumwa. Methali hii hutajwa mno katika insha za wanafunzi na hotuba za viongozi, lakini ni nadra mtu kuuliza swali linaloitangulia: mila yenyewe humfikiaje mtu hata aweze kuiacha? Mzazi hamwachii mwanawe kumbukumbu kama amwachiavyo shamba au ng'ombe. Hapana budi pawepo njia ya kuipitisha, na njia yoyote ikikosa wapitaji huota nyasi.

Marehemu Profesa John Mbiti, msomi Mkenya aliyefariki mwaka wa 2019, alilichunguza jambo hili katika kitabu chake cha mwaka wa 1969 kuhusu dini na falsafa za Kiafrika. Alitwaa maneno mawili ya Kiswahili, Sasa na Zamani, akayafanya nguzo za hoja yake. Alieleza kuwa aliyekufa hatoki katika Sasa mara moja. Hukaa humo maadamu yupo aliye hai anayemkumbuka kwa jina. Afapo wa mwisho aliyemjua, ndipo naye huzama katika Zamani. Wapo wasomi waliompinga Mbiti kwa mengine aliyoyasema kuhusu wakati, lakini hoja hii ya jina ingali na nguvu. Atakaye kuiona ikitenda kazi na atazame Migori na Homa Bay, zilizokuwa sehemu ya wilaya ya Nyanza Kusini.

Miongoni mwa Waluo, Otieno ni mvulana aliyezaliwa usiku, na Okoth ni yule aliyezaliwa mvua ikinyesha. Hata hivyo, utamkuta Otieno aliyezaliwa adhuhuri. Huyu hakupewa jina la saa, bali la mtu: babu yake, au jamaa mwingine aliyekwisha kufa. Katika desturi ya kale, marehemu aliweza kumjia mtu wa jamaa ndotoni akitaka mtoto aitwe kwa jina lake. Au mtoto alilia pasi na kukoma, majina ya waliotangulia yakatajwa moja baada ya jingine mpaka akanyamaza. Jina la namna hiyo huitwa nying juogi.

Wako Wakristo wanaoichelea desturi hii kwa kuwa neno juogi lahusu roho. Hofu yao yaeleweka, wala haifai kudhihakiwa. Lakini hata asiyeamini kuwa marehemu huja ndotoni hawezi kuikana hekima iliyomo. Jina la mtu humfanya mtoto aulize, "Huyo alikuwa nani?" Na palikuwapo mahali pa kujibiwa: siwindhe, nyumba ya bibi kizee, ambamo watoto walikusanyika usiku wakasimuliwa hadithi, vitendawili na habari za jamaa.

Leo swali limebaki, jibu limetoweka. Majina yangali yanaandikwa katika vyeti vya kuzaliwa, lakini mwanafunzi anayeweza kusimulia habari za aliyemrithi jina ni wa kutafutwa. Tumehifadhi ganda, kiini tumekiacha kikauke.

Wenye kudhani kwamba kumbukumbu itajilinda yenyewe na wawaangalie Wasuba wa visiwa vya Rusinga na Mfangano, katika kaunti ya Homa Bay. Asili yao ni ya Kibantu, na wengi wa wazee wao walitoka upande wa Uganda. Kizazi baada ya kizazi walioana na Waluo, wakafanya nao biashara, wakasoma nao, hata Kiluo kikawa lugha ya nyumbani. Hakuna aliyeamuru Kisuba kife. Lakini leo wanaokisema barabara ni wachache, na wengi wao ni wazee.

Je, kumbukumbu ni mali ya damu, asiwe na haki nayo ila mwana wa ukoo? La hasha! Kule Migori ziko kuta za Thimlich Ohinga, zilizoingizwa na UNESCO katika orodha ya urithi wa dunia mwaka wa 2018. Zakadiriwa kujengwa katika karne ya 16, kwa mawe matupu yaliyopangwa bila saruji wala udongo, na kimo chake ni kati ya mita 1.5 na 4.5. Walioishi humo hawakuwa kabila moja. Jamii za Kibantu na za Kiniloti zilipokezana, na waliofuata waliutengeneza ukuta walioukuta. Kuta hizo zimesimama kwa sababu waliokuja nyuma walikubali kuinama na kurudisha jiwe lililoanguka.

Hiyo ndiyo kazi iliyo mbele ya shule zetu. Mwalimu na ampe kila mwanafunzi zoezi moja: aandike habari za mtu ambaye jina lake analibeba. Aliishi wapi? Alifanya kazi gani? Alisifiwa kwa lipi, na alilaumiwa kwa lipi? Asiyerithi jina la mtu na aulize nani alimchagulia, na kwa nini. Maswali hayo na yaulizwe kwa lugha ya wazee wenyewe, nayo majibu yaandikwe.

Zoezi hili halihitaji vitabu vipya wala fedha za serikali. Lahitaji haraka tu, kwa maana wenye majibu wanazeeka. Likizo ijayo isipite bure.