Kambi Inapogeuka Mji: Fundisho la Mbarara na Nakivale

Mara nyingi askari ndiye mtu wa kwanza kufika mahali ambapo baadaye huja kuitwa mji. Huchagua kilima kinachoona mbali, hutafuta maji, husimamisha mahema na kuchimba mahandaki. Nyuma yake huja muuza chumvi, mwashi, fundi wa viatu na mama mwenye chungu cha uji. Siku jeshi linapohamia kwingine, watu hao hubaki, na njia iliyokanyagwa na mabuti huwa barabara ya soko.

Historia ya dunia imejaa mifano ya namna hiyo. Cairo ilitokana na Fustat, kambi ya majeshi ya Waarabu iliyosimamishwa na Amr ibn al-As kando ya mto Nile katika karne ya 7. Huko Uingereza, miji ya Manchester na Lancaster ingali inabeba katika majina yake neno la Kilatini lenye maana ya kambi ya jeshi, kwa kuwa Warumi walijenga ngome zao huko. Hapa petu Afrika Mashariki, kilima cha Kampala kilipata ngome ya Lugard mwaka 1890, karibu na makao ya Kabaka yaliyokuwapo Mengo kabla yake. Na Nairobi ilianzia kwenye bohari ya vifaa vya reli mwaka 1899.

Mbarara ni ushahidi ulio karibu nasi zaidi. Jina lake hunasibishwa na nyasi ndefu zilizokuwa zikiota mahali hapo. Waingereza walipaweka kituo cha kuitawala Ankole, na baada ya Mkataba wa Ankole wa mwaka 1901 kituo hicho kikazidi kukua. Yakaja maduka, zikaja shule, ikaja kambi ya jeshi. Februari 1979, katika vita vya kumwondoa Idi Amin, majeshi ya Tanzania pamoja na Waganda waliokuwa uhamishoni yaliutwaa mji huo, na majengo mengi yakaanguka.

Yafaa tujiulize: kwa nini watu walirudi kujenga juu ya kifusi? Jibu liko barabarani. Mbarara imekaa mahali ambapo njia itokayo Kampala hugawanyika, moja ikielekea Kabale na mpaka wa Rwanda, nyingine Bushenyi na Kasese, nyingine Isingiro hadi karibu na Tanzania. Ndizi, maziwa na ng'ombe havina budi kupita hapo. Mwaka 1989 kikaanzishwa Chuo Kikuu cha Sayansi na Teknolojia. Sensa ya mwaka 2002 ilihesabu watu wapatao 69,000. Ile ya 2014, mipaka ikiwa imekwisha kupanuliwa, ikahesabu wapatao 195,000. Tarehe 1 Julai 2020 Mbarara ikapandishwa hadhi kuwa jiji.

Sasa tuelekee kusini mashariki, mwendo wa kilomita 60 hivi, hadi Nakivale katika wilaya ya Isingiro. Makazi haya yalianza mwishoni mwa miaka ya 1950 na kutambuliwa rasmi mwaka 1960, kwa ajili ya Wanyarwanda walioyakimbia machafuko ya nchi yao. Ulikuwa mpango wa muda. Zaidi ya miaka 60 imepita, na leo wanakaa humo watu zaidi ya 100,000: Wakongo, Warundi, Wasomali, Wanyarwanda, Waethiopia na wengineo. Ziwa Nakivale huwapa maji na samaki. Mahali paitwapo Base Camp pana maduka, mikahawa, misikiti, makanisa, mafundi cherehani na bodaboda. Mfanyabiashara wa Mbarara huja kununua mahindi, naye huleta sabuni na mabati. Mkongo na Msomali hupatana bei kwa Kiswahili, lugha ile ile ambayo majeshi yetu yameitumia kwa miaka mingi. Watafiti wa Chuo Kikuu cha Oxford, katika taarifa waliyoitoa mwaka 2014, walionyesha jinsi biashara za wakimbizi zilivyofungamana na biashara za Waganda. Kwa sura na kwa shughuli zake, sehemu hiyo ni mji, ingawa katika madaftari ingali inaitwa makazi ya wakimbizi.

Hapa ndipo penye jambo la kutafakari. Mji hauombi ruhusa ya kuzaliwa; lakini usipotambuliwa mapema, hukua vibaya. Tazama Kibera ya Nairobi. Mwanzoni mwa karne ya 20, askari Wanubi waliolitumikia jeshi la Mwingereza walipewa ardhi hiyo wakae, bila ya hati. Jiji likawazunguka, vibanda vikasongamana, maji na njia vikakosekana. Ni mwaka 2017 tu ndipo wazao wao walipopewa hati ya ekari 288. Wale waliokuwa askari hodari waliwaachia wajukuu wao mgogoro wa ardhi wa karne nzima.

Nasi tunayo kumbukumbu ya uchungu. Oktoba 1982, katika wilaya ya Mbarara ya wakati huo, makumi ya maelfu ya watu wenye asili ya Rwanda walifukuzwa kutoka makwao, nyumba zikachomwa na mifugo ikaporwa. Wengine walikimbilia Rwanda, wengine wakasongamana katika makazi ya wakimbizi, Nakivale ikiwa mojawapo. Miongoni mwa waliotenda hayo walikuwamo watu wenye mamlaka ya serikali. Aliyekuwa na duka alilipoteza, na aliyekuwa jirani akawa adui.

Sheria ya sasa inatuonyesha njia iliyo bora. Sheria ya Wakimbizi ya mwaka 2006 ilichukua nafasi ya ile ya 1960 iliyomfunga mkimbizi ndani ya makazi. Humruhusu mkimbizi kufanya kazi na kusafiri nchini, chini ya mipaka iliyowekwa kisheria. Hupewa kipande cha ardhi akitumie, ila hakimiliki. Haki hizi zimezidi kuwa na uzito tangu mwaka 2025, wakati Shirika la Mpango wa Chakula Duniani lilipowaondolea msaada wakimbizi wapatao milioni moja nchini Uganda kwa upungufu wa fedha. Mgao ukikatika, familia hubakiwa na shamba, karakana na soko. Soko nalo likikatika, hubaki njaa; na njaa huzaa wizi pamoja na ugomvi wa mipaka baina ya mkimbizi na mwananchi mwenyeji, ambaye naye analililia malisho yake.

Ndugu askari, wajibu wetu hapo ni dhahiri. Polisi anayemzuia barabarani mchuuzi mwenye kitambulisho halali, akidai kitu kidogo ndipo ampishe, anapandisha bei ya unga Base Camp na kumpotezea mnunuzi mkulima wa Isingiro. Anayesikiliza shauri la mpaka wa shamba kwa haki, pasipo kuuliza kabila, anazuia lisirudi lile la 1982. Na mwanajeshi hana budi kuyalinda makazi yabaki mahali pa raia, pasiingizwe silaha wala kuandikishwa wapiganaji, kwani Mkataba wa Umoja wa Nchi Huru za Afrika wa mwaka 1969 unatamka kwamba kumpa mtu hifadhi ni tendo la amani.

Wapimaji watachora ramani, wahandisi watatandika mabomba. Lakini mtu hutia tofali juu ya tofali pale tu anapoamini kwamba kesho atalikuta duka lake mahali alipoliacha jana. Imani hiyo hailetwi na lori la msaada. Huilinda askari wa zamu, usiku kwa mchana.