Jeraha Dogo la Uso na Msimbo Wake Hospitalini

Msimbo wa utambuzi wa ugonjwa ni alama fupi ya herufi na tarakimu inayoandikwa katika jalada la mgonjwa ili kueleza, kwa namna moja inayofahamika katika nchi nyingi, maradhi au jeraha ambalo mtabibu amelibaini. Majeraha madogo ya uso, kama vile mkwaruzo wa kipaji au mdomo uliochanika, hudhihirisha vyema utendaji wa mfumo huu, kwa kuwa huonekana mepesi ilhali kuyaandika kwa usahihi kunahitaji uangalifu mkubwa.

Mfumo wenyewe ni Uainishaji wa Kimataifa wa Magonjwa, ambao chimbuko lake ni orodha ya sababu za vifo iliyowasilishwa mjini Chicago mwaka 1893 na mwanatakwimu Mfaransa Jacques Bertillon. Shirika la Afya Duniani lilipoichukua kazi hiyo mwaka 1948, toleo la sita lilipanuliwa ili lihusu pia magonjwa na majeraha yasiyosababisha kifo.

Katika toleo la kumi, ICD-10, lililoidhinishwa mwaka 1990, majeraha mengi huanza na herufi S na hupangwa kwa sehemu za mwili, na kundi la S00 hadi S09 ni la kichwa, uso ukiwemo. Kwanza hutazamwa aina ya jeraha. S00 ni jeraha la juujuu, yaani ngozi imekwaruzika au damu imevilia chini yake. S01 ni jeraha la wazi, yaani ngozi imekatwa, imechanika au imetobolewa. S02 ni mfupa uliovunjika, na S05 ni jeraha la jicho lenyewe. Kisha tarakimu inayofuata nukta hutaja mahali: S01.1 ni kope, S01.2 ni pua, S01.4 ni shavu na eneo la kiungo cha taya, na S01.5 ni mdomo na kinywa. Kipaji na kidevu havina tarakimu zao, hivyo huingizwa katika S01.8, ambayo ni ya sehemu nyingine za kichwa.

Marekani, ambayo tangu tarehe 1 Oktoba 2015 hutumia toleo lake lililopanuliwa, inadai maelezo zaidi. Msimbo S01.81XA humaanisha mchaniko usio na kitu kigeni ndani yake katika sehemu nyingine ya kichwa. X hujaza nafasi iliyo tupu, na A huonesha kwamba jeraha lingali katika matibabu yake ya msingi. Mgonjwa anaporudi kuangaliwa wakati kidonda kinapona, A hubadilishwa kuwa D, na likibaki tatizo la baadaye linalotokana na jeraha hilo, kama kovu, hutumika S.

Hata hivyo, aina na mahali havitoshi, kwa sababu jeraha lina chanzo, nacho huandikwa kwa msimbo wa pili unaoanza na herufi V, W, X au Y. Shavu lililochanwa na kioo na shavu lililong'atwa na mbwa huweza kupewa S01.4 yote mawili, lakini ni W54, msimbo wa kung'atwa au kugongwa na mbwa, unaobainisha tukio la pili. Tofauti hiyo ni nzito, kwa kuwa mng'ato wa usoni, hata ukiwa mdogo, ni wa hatari kubwa pale ambapo kichaa cha mbwa kipo, kutokana na wingi wa neva za uso na ukaribu wake na ubongo. Vivyo hivyo, ni misimbo ya vyanzo inayoiwezesha wizara ya afya kutambua kama nyuso zinaumizwa zaidi na pikipiki, kuanguka au kupigwa, na kupanga kinga ipasavyo.

Msimbaji, yaani mtu anayeteua misimbo hiyo, ambaye mara nyingi hamwoni mgonjwa, hutegemea kabisa maandishi ya mtabibu. Palipoandikwa "jeraha la kichwa" tu, hulazimika kuchagua msimbo wa jumla usiotaja aina wala mahali hasa, na pengo hilo huweza kuchelewesha malipo ya bima na kupotosha takwimu za taifa. ICD-11, toleo lililoanza kutumika rasmi mwaka 2022, huruhusu misimbo kadhaa kuunganishwa ili kutaja hata upande wa kulia au wa kushoto, lakini haliwezi kujaza kile ambacho hakikuandikwa. Kwa hiyo kila mtabibu, hata katika zahanati yenye foleni ndefu, anapaswa kuandika aina ya jeraha, mahali lilipo na kilicholisababisha, naye mgonjwa anastahili kuulizwa mambo hayo kwa utulivu na kuyajibu kwa ukweli.